Lifikiriwe

Amri ilikuwa na neno moja la kushika:
lifikiriwe.
Ndani ya siku sitini, ombi la Pramodini Nayak,
mjane wa bawabu wa mfereji, lifikiriwe.

Siku ya hamsini na tisa afisa akalifikiri.
Kurasa mbili, muhuri, hapana.
Miaka ya kibarua haihesabiwi pensheni.

Akarudi Cuttack kwa treni ya alfajiri,
mvua imelowesha faili, kamba yake nyekundu
ikamchujia rangi kwenye sari nyeupe.
“Mheshimiwa, huyu amekudharau.”

Jaji alisoma. Akavua miwani,
akaivaa tena.
“Niliamuru afikiri. Sikuamuru akubali.
Fimbo hii ni ya mkaidi,
haimfikii anayetii halafu akakosea,
kama amekosea.
Uamuzi wake una mlango wake. Fungua kesi mpya.”

Ana miaka sabini na moja.

Nje, chini ya turubai langu la kupiga chapa,
aliniuliza: “Kwa hiyo mahakama haikudharauliwa?”
Haikudharauliwa, mama.
Akakamua ncha ya sari, maji mekundu.
“Basi dharau yote ni yangu.”

Kisha akauliza ukurasa mmoja ni rupia ngapi.