Kiwiko

Picha waliyoiweka ni ya mlango wetu wa Sokomuhogo,
wa mfenesi, wenye njumu za shaba kumi na tisa.
Ya ishirini aliing'oa Haroub akiwa na miaka sita,
akapigwa, ikapotea,
hata leo tunaisaka tukifagia.

Mlango huu sasa ndio mji mzima.
Umesimama kwenye simu baina ya mnara wa watu na daraja la watu,
na chini yake kimoyo chekundu: bonyeza.
Dunia inachagua miji saba ya ajabu.
Kura zinafungwa Ijumaa saa sita usiku,
usiku wa wapi, hawakusema.

Haroub halali. Ana laini tatu, na ya jirani,
na ya Mbarouk muuza vocha, aliyeazima kisha akajuta.
"Tumepanda! Tumeupita ule wenye mifereji!"
Boriti ikadondosha chokaa,
tukasogeza godoro.

Tazama vizuri pembeni, mkono wa kushoto:
kuna kitu cha kahawia, kama ncha ya kiazi kikuu.
Ni kiwiko cha mama.
Siku ile alikuwa barazani anakuna nazi.
Mpiga picha akamwomba, kwa adabu, asogee kidogo,
tena kidogo,
yeye na beseni na mbuzi yake na kanga alizoanika.
Akasogea. Kiwiko kikasahaulika.

Juzi Haroub akamshikisha simu:
"Yako bado, mama. Kura moja tu."
Akavaa miwani iliyofungwa uzi,
akaipitia miji kama anachambua mchele.
"Huu una baridi. Huu sijui wanazika wapi."
Alipoufikia mlango wake akacheka,
akakipapasa kile kiwiko kwa kidole;
kikatoroka, kikarudi.
Kisha akapita.

Akashuka, akashuka, mpaka Maskati,
mji wa sitini na kitu,
akabonyeza.

"Mama! Si tunashindana nao hao!"
"Salha yuko huko. Mwaka wa tisa hajapiga simu.
Hapa pameandikwaje?"
"Kura yako imepokelewa."
"Imepokelewa na nani?"

Haroub akatafuta jina, akalikosa.
Mama akamrudishia simu, akenda kufunga mlango,
ambao tangu masika hauingii vyema,
lazima uusukume kwa nyonga,
mara mbili.