Namba Themanini

Chati ya elementi ilishikwa ukutani na misumari minne,
mmoja ulishaliwa na kutu, na kona ya chini, kulia,
mchwa walikwisha kuila, wakaondoka na zile nzito
ambazo, alisema Mwalimu Tusajigwe,
huzaliwa na kufa hujafunga hata kifungo cha sweta.

Tukuyu, mwezi wa Juni. Ukungu uliingia maabara
bila hodi, ukakaa nasi benchi la nyuma.
Alianza na haidrojeni: protoni moja, elektroni moja,
chumba cha kapera.
Kisha heli, asiyeposa wala kuposwa,
huko bonde la Rukwa hutoka ardhini kimya,
haiwaki, hainuki, haina ugomvi na mtu.

Sodiamu aliitoa kwenye mafuta ya taa
akaikata kwa kisu cha mkate. Metali, lakini laini kama sabuni.
Kipande cha ukubwa wa punje ya mtama akakidondosha majini,
kikakimbia huku na huku kikifoka
mpaka kikajimaliza. Tulicheka.
"Huyu hulipuka," akasema, "na klorini ni gesi ya kuua.
Waoane, ndiyo chumvi mnayotilia ndizi."

Halafu akauliza: metali ipi
ni kimiminika katika joto la chumba hiki?
(Joto! Tulikuwa tunapuliza vidole.)
Gwakisa akasema maji. Darasa likaanguka kwa kicheko.
Mimi sikucheka. Mimi naijua.
Imelala chini ya kitanda chetu, Makongolosi,
ndani ya chupa ya soda
ambayo mtoto haiinui kwa mkono mmoja.

Baba huimimina kwenye karai la mchanga mweusi
na kuukanda kwa kiganja kitupu,
na dhahabu, hata ile chembe usiyoiona, huikimbilia
kama watoto wanavyomkimbilia shangazi mwenye peremende.
Huyakamua kwa kitambaa. Huyaweka motoni
katika sufuria ileile ya maharage.
Moshi hupanda, mweupe, mwembamba.
Kinachobaki ni cha njano, na mnunuzi yuko mlangoni.

"Zebaki," nikasema.
Mwalimu akapeleka fimbo safu ya sita:
"Dhahabu, sabini na tisa. Zebaki, themanini.
Nyumba mbili, ukuta mmoja. Wamepishana protoni moja tu.
Huyu mzike miaka elfu, utamfukua akimeta.
Huyu haugandi mwili wake hata Kitulo usiku wa Julai;
na hangoji achemke ndipo aondoke.
Hutoka tu, kidogo kidogo, mkiwa mmelala,
hana harufu ya kuwaamsha."

Akaendelea na risasi, themanini na mbili.
Sikuandika tena.
Nilikuwa nakiona kikombe cha Baba kikicheza kwenye kisahani,
chai ikichora ramani kifuani kwake,
shati halifungiki bila Mama.
Majirani walisema ni mkono wa mwenye shimo,
wakatutajia mganga wa Mbozi.
Tulipeleka mbuzi.

Likizo nilirudi na daftari.
Nikaivuta chupa uvunguni, nikakaa nayo mapajani.
Niitupe wapi? Elementi haiungui ikaisha,
haiogopi moto, haisikii maombi.
Nikiimwaga mtoni itashuka na maji
na siku moja itarudi mezani imevaa magamba.
Nikakaza kifuniko mpaka kiganja kikauma,
nikaokota kipande cha mkaa, kaboni, namba sita,
nikaandika juu yake: 80.

Baba alikuwa mlangoni, mkono wa kulia
ameushikilia kwa wa kushoto.
"Themanini ndiyo nini?" akauliza. "Bei?"

Nikasema ndiyo.