Ng' Yenye Mkato Juu

Kasha letu la nywila ni faili moja tu,
ndogo kuliko picha ya paka wa jirani,
na inaishi mahali patatu:
kwenye simu yangu,
kwenye kompyuta ya Zuweina hapa Mabela,
chini ya kiyoyozi kinachodondosha maji,
na kwenye simu ya Muadh, bwenini, Nizwa.
Wingu la kukodi silitaki.
Huku mbingu huwa tupu miezi tisa;
likipita moja, si la kuwekea amana.
Nakala huonana zenyewe kwenye waifai ya nyumbani,
Alhamisi usiku, Muadh akivua viatu mlangoni.

Mwezi uliopita ziligombana.
Nilikuwa Ibra, mazikoni, mtandao haushiki,
nikabadili nywila ya umeme nimekaa garini.
Saa ile ile Zuweina akaibadili nyumbani.
Niliporudi, faili mbili,
kila moja ikiapa kuwa ndiyo ya leo.
Tulikesha mpaka saa saba kasorobo, mstari kwa mstari,
benki, hospitali, maji,
hii yako, hii yangu, hii ya nani?
Tukaikuta ya simu ya marehemu mama.
Zuweina akanitazama. Tukaiacha.

Hilo likaisha. La Muadh ndilo gumu.
Faili yake ni mpya, imefika nzima, haina kasoro,
na haimfungukii.
Neno kuu ni usemi wa mama,
aliokuwa akinisuta nao nikichelewa kutoka chuoni.
Sitauandika hapa.
Nasema tu una p, una ch,
na una ng' yenye mkato juu, ile ya ng'ombe.
Muadh kasoma Kiarabu tangu chekechea.
Anaandika b. Anaandika sh.
Ng' anairuka kabisa,
kama kidato cha ngazi kilichovunjika.

Jana kapiga simu.
"Baba, si ubadilishe tu, uweke namba?"
Nikamwambia: sema nyuma yangu.
Akasema. Si hivyo. Akasema tena.
Zuweina akazima runinga.
Ulimi juu, mwanangu, pumzi itokee puani.
Nami nikajisikia nasuta,
kwa sauti isiyokuwa yangu.
Mara ya tisa, kimya. Kisha vidole kwenye kioo.
Kisha Muadh anacheka peke yake huko Nizwa:

"Baba,
mbona humu mna nywila ya Bibi?"