Kifua, Arobaini na Nane

Neno lilifika Ngamiani kabla ya mwili.
Lililetwa na vijana waliotoka Dar na mashati ya kubana:
baunsa, walisema, ni mtu anayesimama mlangoni mwa disko
akalipwa kwa kutofanya kitu,
maadamu anafanana na mtu anayeweza kufanya.

Sisi hatukuwa na mlango wa namna hiyo.
Tulikuwa na Mhina,
makopo mawili ya rangi yaliyojazwa zege,
bomba la chuma katikati,
na ua nyuma ya duka la mkaa, Barabara ya Kumi na Nne,
alipopiga tizi tangu adhana ya alfajiri
mpaka jua liguse bati.

Mimi ni fundi cherehani. Maneno siyajui kwa kitabu,
nayajua kwa tepu.
Mwaka wa kwanza: kifua, arobaini na moja.
Wa pili: arobaini na nne, na mkono
umegoma kupita kwenye mkono wa shati.
Wa tatu nikalazimika kuzunguka mgongoni kuifuata tepu ilikokwenda,
nikaandika daftarini, pasipo kufikiri:
Baunsa, 48.
Jina lake halimo tena tangu ukurasa ule.

Sikiliza lilivyotumika.
Wabeba magunia wakikwama: "Baunsa!" Yaani njoo.
Mgambo, usiku: "We baunsa!" Yaani simama hapo hapo.
Mama Shekue akimpakulia wali: "Baunsa wangu huyu."
Yaani sufuria imekwisha.
Mwalimu wa hesabu hata hakulitamka,
alilivuta kwa mdomo wa chini, nasi tukaelewa:
mabega mengi, kichwa haba.
(Mhina ndiye aliyenipigia hesabu za vitambaa,
mita tatu na robo kwa elfu saba na mia tano,
nami bado natafuta kalamu.)
Na wasichana wa mtaa walimwita hivyo hivyo Kibwana,
mwembamba kama njiti ya kiberiti, wakacheka,
naye akatanua kifua
kwa hatua kama tano.

Makaburini ndiko lilikokuwa zito.
"Baunsa ashike mbele."
Wengine hupokezana jeneza, yeye hapokewi.
Hakuna anayeuliza kama kafiwa.
Siku moja alikuwa shangazi yake, aliyemlea.
Alishika mbele.
Baunsa halii. Hiyo nayo imo ndani ya neno,
kama bitana: huioni
mpaka uigeuze nguo.

Kisha ikaja sukari, si ya chai.
Miezi minane, mashati yakarudi dukani moja moja
kupunguzwa. Arobaini na tatu. Thelathini na tisa.
Nilikata ubavuni, nikashona, vipande nikavitia kwenye boksi,
sijui vya nini.
Neno lenyewe halikupungua hata inchi.
"Shikamoo, Baunsa," watoto wanapita na madaftari,
na mmoja, mdogo, akarudi kuniuliza kwa kunong'ona
kama ni jina la ukoo.

Bombo, kwenye benchi, saa nne asubuhi.
Muuguzi akatoka na faili: "Mhina Hoza."
Kimya.
"Mhina Hoza!"
Yeye naye akageuza shingo kumtafuta mtu huyo.
Nikamgusa kiwiko.
"Ah," akasema, "kumbe mimi,"
akainuka, taratibu, kiganja ukutani,
kama mtu aliyepewa shati la mwenziwe
likamkaa.

La Idi hajalichukua bado.
Kifua, thelathini na saba.
Mishono ya ubavuni nimeiacha mipana,
endapo.