Uzi wa Noti

Mama yangu ni kambisti. Meza yake ndogo
iko Nyawera, kando ya muuza sambaza,
vitita vya faranga vimefungwa kwa mpira,
dola chini, kwenye mkoba, hazionekani.
Mpe dola iliyochanika kiasi cha ukucha wa mtoto,
atakurudishia bila neno.
Mpe nzima, ataiinua juani,
atapapasa kola ya yule mzee aliyechorwa,
atatafuta uzi.
Ndipo aulize: "Umeitoa wapi?"

Mimi, binti yake, mwenye diploma,
jana umeme uliporudi saa tano usiku
nilifungua tovuti ya sinema za bure
kama mtu anayeingia nyumba ya msiba:
bila hodi.

Mlangoni palikuwa na kufuli, kweli,
kale kadogo pembeni mwa anwani.
Lakini kufuli lile linasema tu kwamba njiani hatusikilizwi;
halisemi aliyemo ndani ni nani.
Nikabonyeza "Tazama." Likafunguka dirisha la kamari.
Nikalifunga. Likaja la dawa ya kuotesha ndevu.
Nikalifunga. La tatu likanitangazia
kwamba telefone yangu inaumwa,
ina virusi kumi na vitatu, niteremshe dawa upesi.
Daktari gani huyu, anayepima watu barabarani
kabla hawajasema wanaumwa wapi?
La nne likataka namba ya siri ya pesa zangu,
eti kuthibitisha umri.
Umri wangu haukai huko.

Nikatafuta jina la mwenye nyumba. Hakuna.
Ofisi, hakuna. Mwezi jana tovuti ilikuwa na jina lingine,
kama mtu anayebadilisha shati kila akivuka Ruzizi.
Na filamu ya juzi, ambayo hata Kinshasa
bado wanaipangia foleni,
imelala pale, bure, picha inatikisika,
kichwa cha mtazamaji fulani kinapita mbele
kwenda chooni.

Nilikuwa nafunga.
Hapo, chini kabisa, nikaona ngazi za Kadutu.

Filamu ya Cirhuza! Yule wa jirani,
aliyeuza pikipiki ya marehemu baba yake akanunua kamera,
akatupitisha barabara moja mara tisa
mpaka mtoto wa Nabintu akalia.
Dakika ya arobaini na moja
ni mama, sekunde tatu, anainua noti juani.
"Ikiuzwa," alimwambia, "nitakuletea ya chumvi."
Imetazamwa mara elfu sitini.
Chumvi haijafika.

Asubuhi nikampelekea mezani.
Hajawahi kujiona.

"Ni bure?"
"Bure."
"Cirhuza anajua?"
"Sidhani."
"Na mega zako?"
"Mega nimenunua."
"Kumbe umelipa," akasema. "Ila si yeye."

Akaichukua telefone, akaiinua juani,
akaigeuza, kioo, mgongo, kioo,
jicho moja limefumba.
Muuza sambaza akacheka. Mama hakucheka.
Kisha kidole chake kikakaa juu ya ile pembetatu ndogo,
kikakaa, bila kugusa,
na nikajua anataka, anataka sana,
mpaka kioo kikazimika chenyewe.

Akachomoa faranga elfu kumi.
"Panda Kadutu. Akuwekee kwenye flashi.
Akikuambia chukua tu, wewe dada,
usichukue. Muulize bei.
Asiyetaja bei ameificha mahali."

"Nisipomkuta?"

"Basi leo sijioni."
Mteja alikwisha kufika, na dola ishirini,
pembe moja imekunjwa.