Ile Moja

Mhuri wa masjala una magurudumu ya mpira,
unayazungusha kwa kucha ya kidole gumba.
Kazi nyepesi. Mtoto angeiweza.

Kwanza niseme: simpendi Dadi Nangomwa.
Alikopa elfu ishirini yangu mwaka ule wa bei nzuri ya korosho,
na tangu hapo tukikutana sokoni huangalia dagaa.
Wala siapi kwamba hakuiba.
Mifuko arobaini ya salfa haiyeyuki
kama ukungu wa Newala ukipigwa na jua la saa nne.

Ila barua naijua.
Ilipita mkononi mwangu.

Iliandikwa tarehe tatu Julai:
*jibu tuhuma hizi ndani ya siku kumi na nne.*
Ikalala kwenye trei ya Afisa Utumishi,
chini ya ratiba ya Mwenge,
chini ya ankara ya dizeli,
chini ya kikombe kilichoiachia duara la chai.
Ikanifikia tarehe kumi na sita. Nikagonga mhuri.
Pikipiki haikuwa na mafuta.
Tarehe kumi na tisa ndipo ilipofika Makote,
Dadi akasaini daftari langu
na unga wa njano wa vidole vyake
ukabaki pembeni mwa ukurasa.

Kamati ilikwisha kukaa tarehe kumi na nane.
Ilikunywa soda, ikaandika:
*Mtuhumiwa ameshindwa kujitetea.*

Ameshindwa!
Kama kuku anayeulizwa, shingo iko mchangani,
anapendelea kisu kipi.

Mshahara ukawa nusu, kisha ukawa hadithi.
Mkewe alikuja mara mbili dirishani kwangu,
hakulia, aliuliza tu:
"Hakuna karatasi nyingine iliyosahaulika humo?"

Oktoba, Tume ikaomba jalada.
Afisa Utumishi akateremka mwenyewe hadi masjala,
akafunga mlango usiofungika vizuri.
"Somoe, mwanangu, hii kumi na sita,
ile moja si wino tu umechuruzika?
Naona sita, mimi.
Na hii hapa, tisa.
Daftari jipya lipo. Unahamisha tu kurasa,
macho yako ni mazima kuliko yangu."

Nikaitazama ile moja.
Nyembamba,
imesimama peke yake
kama mtu aliyeambiwa asubiri nje
na hakuna aliyetoka kumwita.

Sikuhutubia. Nina watoto watatu shuleni.
Nilisema, "Mzee, kidau cha wino kimekauka,"
nikalifunga daftari ndani ya kanga,
nikaenda nalo chooni, nikarudi nalo,
nikaenda nalo nyumbani,
nikalilalia usiku ule kama mwari anayelindwa.
Asubuhi likapanda basi la Mtwara
na alama zake zote: chai, njano, moja.

Jibu lilikuja na mvua za Aprili. Ukurasa mmoja:
*Shauri lianze upya. Asikilizwe.*

Wakamsikiliza.
Niko upande wa pili wa ukuta, napanga majalada,
nasikia sauti yake ikipanda na kushuka saa mbili nzima.
Kuna mahali alidanganya, niliijua ile sauti,
ndiyo aliyonikopea.
Kuna mahali alifungua leja ya chama cha msingi Mkunya,
mifuko ishirini na tisa ikapatikana imeandikwa,
imepokewa, imesainiwa.
Kumi na mmoja haikupata mtu wa kuieleza.
Hata yeye.

Akashushwa cheo kwa ile kumi na mmoja.
Si kwa arobaini.
Alitoka, akapita mbele ya dirisha langu
akitazama viatu vyake.
Elfu ishirini yangu bado.

Mimi nimepewa meza ya karibu na choo,
kwa sababu za kiutendaji.

Kesho yake, saa moja na nusu, ukungu haujaondoka,
nilishika mhuri,
nikausogeza kwa kucha
siku moja.
Mbele.