Kumi na Mbili Iko Chini

Amerikani tuliijua nguo kabla ya kuijua nchi:
jora zito la sanda na la magodoro.
Kisha ikaja saa.
Halden, jina la herufi za kulala,
nyembamba kama unywele juu ya kauri nyeupe.
Karani wa forodha aliinunua kwa mishahara saba
na akafa haijamdanganya.

Baba aliikuta kwa mjane wake, pamoja na miwani na tasbihi.
Akaisikiliza kwanza sikioni, kama mtu anayeambiwa siri,
akaniita: “Mwanamize, ndoo utezame.
Saa hii ni nzima, ila imekaa kichwangomba.
Yua likitwa Amu ni saa kumi na mbili.
Hilo halimngojei Mmarekani.”

Akakwangua tarakimu kwa wembe, moja baada ya moja,
akazichora upya kwa wino wa chuoni:
kumi na mbili chini, sita juu.
Dakika hakuzigusa.
Dakika, alisema, ni za wote.
Saa ndizo zenye kwao.

Miaka thelathini na moja akaivaa kifuani,
na mimi nikajifunza kamani, akrabu, na vijiwe vyekundu
vidogo kuliko chawa wa kuku,
na kwamba chafya moja yaweza kumaliza kazi ya siku nzima.

Curtis alikuja Mfungo Sita, mji umejaa wageni wa Maulidi.
Kikoi chake kilikuwa na mikunjo ya dukani bado.
“Nimenunua Halden,” akasema.
Kiwanda? Kiwanda ni nyumba za kupanga sasa, zina lifti.
Mashine? Ziliuzwa chuma chakavu.
“Nimenunua jina. Na kasha la michoro, nusu imelowa.”
Nikamtengea kahawa. Sikujua
mtu aliyenunua jina hupewa hongera au pole.

Akaipiga picha saa ya baba mbele, nyuma, ubavuni,
akaifungua kwa adabu, hilo sitamnyima,
mikono yake ilikuwa mikono ya fundi.
Barua ya tathmini ikaja baadaye:
mtambo, bora sana;
uso, umeharibiwa na fundi asiyejulikana.

Asiyejulikana!
Punda wa Langoni walikuwa wakisimama mlangoni pake
bila kuambiwa.

Sikujibu. Nilikuwa na saa ya ukutani ya msikiti mezani,
meno mawili yamevunjika.

Mwaka juzi kifurushi kikashuka uwanja wa Manda.
Ndani: saa mpya, mkanda wa ngozi unaonukia,
Halden, herufi zile zile za kulala,
kumi na mbili chini, sita juu.
Toleo la Langoni, saa mia tatu tu,
zimekwisha kabla maji ya chai hayajachemka,
na bei ya moja ingeezeka paa letu na la jirani.
Kadi yenye mwandiko wa Curtis:
“Wakusanyaji wameupenda mno uso huu. Ahsante.”

Nikaitia ufunguo. Mlio mzuri, mkavu, wa kujiamini.
Nikangoja adhana ya magharibi.
Akrabu fupi ikaanguka mahali pake, sawasawa.
Ndefu ikanionyesha nusu saa isiyokuwepo.

Wamezigeuza na dakika.

Nilicheka hadi jirani akagonga.
Mia tatu, ng’ambo huko,
zimelala katika visanduku vinavyojizungusha vyenyewe,
wala hakuna atakayeziuliza futari.

Usiku nikazifungua zote mbili migongo, chini ya taa.
Ya baba ina mikwaruzo sita upande wa ndani,
kila fundi aliyepita aliacha herufi na mwaka:
wawili siwajui, mmoja Mhindi wa Mombasa,
na L.S., L.S., L.S.
Hiyo mpya ilikuwa safi kama sahani ya mgeni.

Nikachukua sindano.
M. Lali, Langoni, Mfungo Saba.
Kisha nikatafuta ule wembe.